Maji ya Julai ni Mvua ya Aprili: Maswali ya Wananchi kuhusu Mto Rwizi na Ziwa Nakivale

Anayefungua bomba jijini Mbarara, Uganda, na anayepanga foleni na dumu lake kwenye makazi ya wakimbizi ya Nakivale wanategemea mfumo mmoja wa maji: Mto Rwizi, vinamasi vyake, na maziwa yaliyo chini yake. Mfumo huo una majira yake, na ni rahisi kuuvuruga. Makala haya yanajibu maswali yanayoulizwa mara nyingi na wakazi, wenyeji kwa wakimbizi. Jambo moja litajitokeza katika karibu kila jibu: maji tunayotumia kiangazi ni mvua ya msimu uliopita iliyohifadhiwa ardhini na vinamasini. Mahali inapohifadhiwa pakiharibiwa, mvua itanyesha vilevile, lakini Julai maji hayatakuwepo.

Mto Rwizi unatoka wapi na unakwenda wapi?

Chimbuko lake liko kwenye vilima vya Buhweju, kaskazini-magharibi mwa Mbarara. Vijito vingine kutoka pande za Sheema, Bushenyi na Ntungamo huungana nao njiani. Unapofika jijini Mbarara unapita kati ya mji wenyewe na upande wa Nyamitanga na Katete, kisha unaelekea mashariki kwenye nyanda kavu za wafugaji. Huko unapunguza mwendo, unatanuka kuwa vinamasi vya mafunjo, na kulisha mlolongo wa maziwa: Mburo, Nakivale, Kachera na Kijanebalola. Mwisho maji hayo hufika Ziwa Viktoria, na kutoka hapo huingia Mto Naili.

Eneo lote ambalo mvua yake huishia Rwizi lina ukubwa wa zaidi ya kilomita za mraba 8,000. Kwa hiyo mkulima wa chai au matoke wa Buhweju, mfanyabiashara wa Mbarara, mfugaji wa Kiruhura na mkimbizi wa Nakivale ni majirani wa maji, hata kama hawajawahi kuonana.

Mbona mto unatiririka hata wiki nyingi zikipita bila mvua?

Kwa sababu mto hauishi kwa mvua ya siku hiyo. Mvua inapoanguka kwenye kilima chenye majani na miti, sehemu kubwa ya maji huzama polepole ardhini. Huteremka chini kwa chini, hutokeza mabondeni kama chemchemi, na kuingia kwenye vinamasi. Safari hiyo huchukua wiki, na mara nyingine miezi. Kinamasi nacho hufanya kazi ya ghala: hupokea kingi wakati wa mavuno ya mvua, na hutoa kidogo kidogo wakati wa uhaba.

Kila nchi ina namna yake ya ghala hilo. Kusini mwa Uingereza iko mito mashuhuri, kama Test na Itchen, inayotoka kwenye miamba ya chokaa laini. Mvua ya majira ya baridi huzama kwenye miamba hiyo na kutoka miezi kadhaa baadaye ikiwa safi na baridi, na ndiyo maana mito hiyo hutiririka wakati wa joto. Nayo pia imedhoofika, kwa kuwa maji mengi yanavutwa kutoka ardhini na majitaka yanaachiwa mtoni. Sisi huku hatuna miamba ya namna hiyo. Ghala letu ni udongo wa vilima na vinamasi vya mabondeni, na hivyo viwili jembe la mtu mmoja linaweza kuvifikia.

Mwaka wa mto unaendaje?

Eneo letu lina misimu miwili ya mvua.

*Machi hadi Mei, masika.* Mto hupanda na kubadilika rangi kuwa kahawia. Kingo za vinamasi hufurika, na samaki kama kambare huingia kwenye maji mapya yenye majani kutaga mayai. Huu ndio wakati wa ghala kujazwa.

*Juni hadi Agosti, kiangazi kirefu.* Maji ya juu ya ardhi hukauka. Kinachobaki kutiririka mtoni hutoka ardhini na vinamasini. Wafugaji husogeza ng'ombe karibu na maji, na watu wengi zaidi huteka sehemu zilezile. Hapa ndipo tunapojua tuliweka akiba gani mwezi Aprili.

*Septemba hadi Desemba, vuli.* Mvua hurudi, na kwa wakulima wengi wa wilaya ya Isingiro huu ni msimu muhimu wa mahindi na maharage. Mvua za mwanzo huangukia mashamba yaliyolimwa na kuachwa wazi, ndiyo maana mafuriko ya kwanza hubeba tope jingi kuliko yote ya baadaye.

*Januari na Februari, kiangazi kifupi.* Mto hushuka tena mpaka masika.

Misimu hii haiji kwa kalenda kamili. Mwaka 2016 mvua zilipokosekana, wakulima wa Isingiro walipoteza matoke na mazao mengine, na mifugo ikateseka. Mwaka kama huo, kinamasi kizima hulinda maisha. Kinamasi kilichokaushwa hakina cha kutoa.

Mafunjo yana faida gani, au ni magugu tu?

Kata shina moja la funjo ulitazame. Lina pembe tatu, na ndani mna uti mweupe, mwepesi, wenye vitundu vya hewa. Kwa vitundu hivyo mmea hupeleka hewa mpaka kwenye mizizi iliyozama mahali ambapo mimea mingi ingeoza. Chini yake mizizi minene hushikana na kusukana kuwa zulia zito, kiasi kwamba sehemu nyingine mtu anaweza kutembea juu yake huku maji yakipita chini.

Zulia hilo hufanya kazi tatu. Kwanza, hupunguza kasi ya maji, hivyo tope huanguka hapo badala ya kufika ziwani. Pili, hufyonza mbolea na uchafu ambao ungelisha magugu maji na mwani. Tatu, mabaki ya mafunjo yanayojilimbikiza miaka kwa miaka hutengeneza udongo mweusi, laini, unaoshika maji mengi. Udongo huo ukikaushwa kwa mitaro, hunywea, hupasuka, na unaweza hata kushika moto. Hata ukirudishiwa maji, haushiki tena kama zamani.

Zaidi ya hayo, mafunjo huwapa watu mikeka, vikapu na paa, na ni makazi ya viumbe ambao hawana pengine pa kwenda.

Viumbe gani wanategemea maji haya?

Mwaka 2006 mfumo wa vinamasi vya Mburo na Nakivale uliingizwa kwenye orodha ya maeneo ya ardhioevu yenye umuhimu wa kimataifa chini ya Mkataba wa Ramsar. Eneo hilo ni karibu hekta 26,800. Humo hupatikana korongo-nyangumi, ndege mkubwa wa kijivu aliye hatarini kutoweka, pamoja na ndege wadogo wanaoishi kwenye mafunjo tu. Hifadhi ya Taifa ya Ziwa Mburo, iliyotangazwa mwaka 1983, iko ndani ya mfumo huu, nayo inajulikana kwa swalapala, punda milia na viboko.

Kuna pia ngege wa asili. Samaki huyu alikuwa chakula kikuu cha watu wa Ziwa Viktoria, lakini uvuvi wa kupita kiasi, pamoja na sangara na sato waliopandikizwa, ulimfanya karibu atoweke huko. Maziwa madogo kama haya ya kwetu ni miongoni mwa mahali pachache alipobaki. Ziwa dogo linaweza kutunza kile ambacho ziwa kubwa limepoteza, ikiwa nalo litatunzwa.

Ni nini hasa kinachoudhoofisha mto?

Si jambo moja. Ni mambo mengi madogo yanayofanywa na watu wengi kwa wakati mmoja.

*Mitaro ya kukausha kinamasi.* Mkulima huchimba mtaro ili apate shamba lenye rutuba. Misimu ya mwanzo humpa mavuno mazuri. Lakini maji yaliyopaswa kutoka kwa miezi mitatu huondoka kwa siku chache, na kiangazi kikifika shamba lake mwenyewe hukauka.

*Mikaratusi mabondeni.* Mti huu hukua haraka na hunywa maji mengi. Nguzo na kuni zake zina soko, lakini mahali pake si kando ya chemchemi wala kinamasini.

*Uchimbaji wa mchanga.* Mchanga ukitolewa sakafuni mwa mto, mto huzama chini zaidi. Kingo hubomoka, na maji ya vinamasi vya pembeni huvutwa kuelekea kwenye kina hicho kipya. Lori moja la mchanga huacha jeraha linaloendelea kupanuka baada ya lori kuondoka.

*Uchomaji wa tofali.* Udongo wa mfinyanzi huchimbwa kinamasini, na kuni za tanuri hukatwa vilimani. Mashimo yanayobaki hujaa maji yaliyotuama, ambayo ni makazi ya mbu.

*Vilima vilivyo wazi.* Pasipo miti wala majani, matone ya mvua hupiga udongo na kuugandamiza. Maji hayazami tena, huteremka kwa kasi na udongo wa juu wenye rutuba. Mkulima hupoteza shamba lake, na mto hupokea tope.

*Mifugo kuingia mtoni.* Kwato huvunja kingo na kinyesi huingia moja kwa moja kwenye maji ya kunywa.

*Taka na majitaka ya mjini.* Kuosha magari na pikipiki mtoni huacha mafuta na sabuni. Chupa na mifuko ya plastiki husafiri mpaka kwenye mafunjo na kukwama humo.

Kwa nini tope la Buhweju limhusu mtu wa Mbarara au Nakivale?

Shirika la Taifa la Maji na Majitaka huchota maji ya Rwizi na kuyasafisha kwa ajili ya jiji la Mbarara. Maji yakiwa na tope jingi, mtambo unahitaji dawa nyingi zaidi ya kugandisha uchafu, na vichujio lazima vioshwe mara kwa mara. Mto ukipungua sana, hakuna dawa inayoweza kuongeza maji. Ndiyo sababu serikali imegeukia Mto Kagera, mbali zaidi kusini, kwa mradi wa kuongeza maji ya Isingiro na Mbarara. Ni hatua yenye maana, lakini kuvuta maji kutoka mbali ni gharama kubwa kuliko kulinda yaliyo karibu, na Kagera pia ina vilima na vinamasi vinavyohitaji kulindwa.

Nakivale hali ni nyeti zaidi. Isingiro, ambako makazi hayo yako, ni wilaya kavu, na maji ya visima katika sehemu zake nyingi ni haba au yana chumvi na madini yanayoyafanya yasifae. Kwa hiyo makazi hutegemea sana maji ya ziwa yanayosafishwa na kusukumwa kwenye mabomba. Ziwa Nakivale halina kina kirefu. Kila msimu tope likiingia, kina hupungua, maji hupata joto haraka zaidi, na samaki hukosa mahali pa kuzaliana.

Je, ni kweli kwamba wakimbizi ndio wanaoharibu ziwa?

Swali hili huulizwa kwa uchungu, nalo linastahili jibu la haki. Nakivale imepokea wakimbizi tangu mwishoni mwa miaka ya 1950, wa kwanza wakiwa Wanyarwanda. Leo kuna Wakongo, Warundi, Wanyarwanda, Wasomali, Waethiopia na Waeritrea, kwa jumla zaidi ya watu 150,000, wakiishi pamoja na wenyeji. Watu wengi hivyo wanahitaji kuni, mashamba na maji. Vilima vinavyozunguka ziwa vimekatwa miti, na bustani zimesogea mpaka ukingoni. Hilo ni kweli, na kulikataa hakutusaidii. Ni kweli pia kwamba tangu mgao wa chakula ulipopunguzwa mwaka 2020, familia nyingi zimelazimika kulima popote penye unyevu.

Lakini mashamba ya kando ya ziwa hayajalimwa na wakimbizi peke yao, na maji ya Rwizi hufika huku chini yakiwa tayari yamepita kwenye vinamasi vilivyokaushwa, mashimo ya mchanga na mifereji ya mji. Kumlaumu aliye mwisho wa mto hakutibu chanzo chake. Kila jamii ina sehemu yake ya mzigo, na hakuna inayoweza kuutua mzigo huo peke yake.

Sheria inasemaje?

Katiba ya Uganda ya mwaka 1995, ibara ya 237, inasema kwamba serikali kuu na serikali za mitaa zinashikilia maziwa, mito na ardhioevu kama amana kwa niaba ya wananchi wote. Kwa hiyo hati ya shamba haimpi mtu ruhusa ya kukausha kinamasi.

Kanuni za mwaka 2000 kuhusu ardhioevu, kingo za mito na fukwe za maziwa zinaweka eneo la ulinzi. Kwa mito mikubwa iliyotajwa humo, Rwizi ukiwemo, eneo hilo ni mita 100 kutoka ukingo wa maji yanapokuwa juu kabisa. Kwa mito mingine ni mita 30. Kwa maziwa ni mita 200 au 100, kutegemea ziwa lenyewe. Sheria ya Taifa ya Mazingira ya mwaka 2019 imeongeza adhabu na kuipa nguvu Mamlaka ya Taifa ya Usimamizi wa Mazingira, NEMA.

Matumizi ya kawaida hayakukatazwa. Kuteka maji ya nyumbani na kukata mafunjo kwa ajili ya mikeka au paa ni matumizi ya jadi yanayotambuliwa. Kinachohitaji kibali ni shughuli kama kutengeneza tofali, kuchimba mchanga au udongo, na kukausha.

Je, maji ya mto au ziwa yanafaa kunywa?

Bila kutibiwa, hayafai, hata yakionekana meupe kabisa. Ukilazimika kuyatumia, fanya hivi:

1. Yaache yatulie kwenye chombo kilichofunikwa mpaka tope lishuke chini.
2. Mimina ya juu polepole, ukiyachuja kwa kitambaa safi kilichokunjwa.
3. Yachemshe mpaka yatokote kwa nguvu, au tia dawa ya klorini kwa kipimo kilichoandikwa kwenye pakiti. Usitie klorini kwenye maji yenye tope, kwa kuwa uchafu humaliza nguvu ya dawa kabla haijaua vijidudu.
4. Yahifadhi kwenye chombo kisafi chenye kifuniko, na uchote kwa kata yenye mpini ili mkono usiguse maji.

Mafunjo yakishakatwa na kinamasi kulimwa, je, kinaweza kurudi?

Ndiyo, mara nyingi kinaweza. Mafunjo ni mmea wenye nguvu. Mahali ambapo mizizi bado ipo na mitaro ikazibwa, huanza kuchipua maji yanaporudi, na baada ya misimu michache eneo hufunika tena. Lakini udongo mweusi uliokauka na kuungua hauwezi kurudi kwa kasi hiyo, maana ulichukua miaka mingi mno kujengeka. Kwa hiyo kuziba mtaro mwaka huu kuna faida kubwa kuliko kuuziba baada ya miaka kumi.

Kupanda miti peke yake hakutoshi. Miti inafaa vilimani, na kwenye kingo mianzi au miti ya asili ni bora kuliko mikaratusi. Ndani ya kinamasi, kazi kubwa ni kukiachia maji yake.

Mimi binafsi nifanye nini?

*Ukiwa mkulima wa mlimani:* chimba makinga maji yanayofuata mkingamo wa kilima, si yanayoteremka nacho. Panda mistari ya majani ya malisho kwenye kingo zake. Tandaza majani makavu chini ya migomba. Hayo yote huzamisha mvua shambani mwako, na wewe ndiye wa kwanza kufaidika.

*Ukiwa mkulima wa bondeni:* rudi nyuma ya eneo la ulinzi kidogo kidogo, ukianza na mstari ulio karibu zaidi na maji. Usichimbe mtaro mpya.

*Ukiwa mfugaji:* nywesha ng'ombe kwenye birika lililo mbali na ukingo, au mkubaliane kijijini juu ya njia moja ya kushukia majini.

*Ukiwa mjini:* osha gari au pikipiki yako mbali na mto, na ukinunua mchanga au tofali, uliza zimetoka wapi. Mnunuzi anayeuliza hubadilisha biashara.

*Ukiwa Nakivale:* tumia jiko linalookoa kuni, panda miche kuzunguka nyumba, jenga choo mbali na maji, na fulia hatua nyingi kutoka ukingoni.

Nikiona mtu anaharibu, nimweleze nani?

Anza na mwenyekiti wa LC1, yaani baraza la kijiji, au ndani ya makazi, kiongozi wa baraza la wakimbizi wa kijiji chako na ofisi ya kamanda wa makazi iliyo chini ya Ofisi ya Waziri Mkuu. Isipofanyika kitu, nenda kwa afisa mazingira wa wilaya au wa jiji, na juu yake NEMA. Eleza mahali, tarehe na kinachofanyika. Nendeni wengi, kwa heshima, na mkumbuke kwamba anayekausha kinamasi mara nyingi anatafuta chakula cha watoto wake. Anahitaji kuonyeshwa shamba mbadala au kazi nyingine, pamoja na kuambiwa sheria.

Mvua za masika zikikaribia, usingoje mradi wala mkutano. Chukua jembe, ziba mtaro mmoja au chimba kinga maji moja kabla udongo haujalowa. Kazi hiyo ndiyo itakayoamua kama kutakuwa na maji mwezi Julai, kwako na kwa jirani yako aliye chini ya mto.